Mapango ya kwetu na saa zisizopatana

Wale munaosoma na simu iliyobaki na asilimia tano ya betri, munivumilie, leo nimeandika kirefu kidogo.

Koko yangu mzaa mama alikuwa na hadithi moja tu ya pango. Alituambia kila mara tulipotumwa kukata majani ya mbuzi upande wa Mugunga. Mtoto mmoja alimfuata mbuzi ndani ya tundu la makoro. Humo chini alikaa muda wa kumaliza muhogo moja, si zaidi. Alipotoka alikuta wenzake wana ndevu na watoto, na mama yake mwenyewe hamtambui. Koko alimalizia kila mara na maneno yale yale: "Mule ndani saa haitembei kama huku juu. Batoto, musishuke mule."

Hatukushuka. Lakini nilipofika inivasite na kuanza kusoma historia, niliiweka ile hadithi kwenye fungu la hekaya za wazee. Baadaye nikaona kwamba koko hakuwa peke yake. Waislamu wanayo habari ya Watu wa Pangoni, katika sura ya Al-Kahf: vijana waliolala na kuamka wakidhani wamelala siku moja au sehemu ya siku, kumbe miaka 309 imepita. Wakristo wa zamani wanayo ya Walala Saba wa Efeso, inayofanana nayo sana. Karibu kila mahali penye shimo refu ardhini, watu wamesema kwamba wakati huko chini unapita vingine.

Na kuna mtu aliyejaribu kwa mwili wake. Mwaka 1962 Mfaransa Michel Siffre, kijana wa miaka 23 tu, umri wa wengi wetu hapa, aliingia katika pango la Scarasson milimani Alps bila saa na bila jua. Aliingia tarehe 16 Julai. Wenzake walipomwambia kwamba muda wake umekwisha ilikuwa 14 Septemba. Yeye kwa hesabu yake alidhani ni 20 Agosti. Siku 25 zilimpotea kichwani, wala hakuwa mgonjwa wala mwongo. Mtu akikosa jua, hesabu inateleza. Kwa hiyo koko alikuwa na haki kidogo, hata kama Siffre hakutoka na kukuta wenzake wana ndevu.

Mimi lakini sitaki kuwaandikia juu ya Alps. Nataka kuandika juu ya kwetu, maana sijaona mahali pengine ambapo ardhi inachanganya saa namna hii.

Tuanze na hapa mjini. Nilizaliwa 1996. Parsele ambayo tunaishi leo iko juu ya lava ya tarehe 17 Januari 2002. Maana yake nini? Maana yake mimi ni mkubwa kuliko jiwe ninalolikanyaga. Kaka wa Kisangani au wa Kananga hawezi kusema hivyo. Mwalimu wa jiografia alitufundisha kwamba mawe ni ya mamilioni ya miaka, na sisi darasani tukaangaliana na kucheka, sababu mawe ya nje ya dirisha tuliyaona yakifika. Lava ilipita katikati ya mji, ikafunika sehemu ya njia ya ndege, ikaingia ziwani. Watu wakavuka kwenda Gisenyi na magodoro kichwani. Walipo rudi walijenga juu. Kuna majengo ya centre-ville ambayo ghorofa ya kwanza ya zamani njo imekuwa chumba cha chini leo: unaingia dukani kwa mlango uliokuwa dirisha. Wachimbaji wa mambo ya kale wanaita vitu vya namna hiyo tabaka, na wanahitaji maelfu ya miaka kuyapata. Sisi tulipata tabaka kwa siku mbili.

Na ndani ya hayo mawe kuna mapango. Lava ya Nyiragongo ni nyepesi sana, inatiririka kama uji. Mwaka 1977, tarehe 10 Januari, lile ziwa la lava lililokuwa juu mlimani lilikauka kwa muda usiofika saa moja. Yote ilishuka mteremko, na vijiji vilivyokuwa njiani havikupata hata nafasi ya kufunga mzigo. Sasa, lava ikitiririka, ngozi yake ya juu inapoa na kuwa ngumu kwanza. Chini ya ngozi moto unaendelea kukimbia. Chanzo kikikatika, moto ule unaisha wote kwenda mbele na kuacha bomba tupu. Hilo bomba ndilo pango. Ndiyo maana mtu anachimba choo Majengo au Ndosho, anapiga nyundo mara moja, na nyundo inaenda. Pango la chokaa linahitaji maji na miaka maelfu kwa maelfu. Pango la makoro linaweza kuwa tayari ndani ya siku chache, kisha kinabaki tu kungoja lipoe.

Kwa hiyo mukienda kutafuta mapango ya historia ndefu, musitafute chini ya Goma. Pandeni kaskazini, mupite Beni, muingie Ituri, mufike mlima Hoyo. Hapo kuna chokaa, na ndani ya chokaa kuna mapango mengi. Moja linaitwa Matupi.

Matupi lilichimbwa na Mbelgiji Francis Van Noten, wa makumbusho ya Tervuren, miaka ya 1973 na 1974. Leo mlango wa pango umezungukwa na msitu wa ikweta. Alichokuta ndani ni vifaa vya mawe vidogo vidogo, vya urefu wa ukucha, vingi vya kwazi, vya kufungwa kwenye mti au mfupa ili kuwa mshale au kisu. Vifaa vya namna hiyo, wataalamu walikuwa wamezoea kuvihesabu kuwa vya mwisho mwisho, vya watu wa karibu yetu. Vipimo vya kaboni vilipotoka, tabaka za chini zilisema: zaidi ya miaka 40,000. Wakati ule hiyo ilikuwa kati ya tarehe kongwe kabisa duniani kwa ufundi wa aina hiyo.

Someni tena lile neno "zaidi ya". Halikuwekwa kwa mapambo. Kipimo cha kaboni 14 kina mwisho wake: kaboni hiyo inapungua nusu kila miaka 5,730, na ikipita kama miaka 50,000 kinachobaki ni kidogo sana hata mashine haioni kitu cha kuhesabu. Maana yake, chini kabisa ya Matupi saa ilisimama. Sakafu iliendelea kwenda chini, lakini namba hazikuwepo tena.

Na kuna jambo lingine la Matupi ambalo mimi napenda kuliko tarehe. Mifupa ya wanyama walioliwa humo, kwa sehemu kubwa ya ule muda, inaonyesha mbuga iliyo karibu, nyasi na uwazi. Ule msitu tunaouita wa milele, ambao vitabu vya wakoloni vilisema haujabadilika tangu uumbaji na watu wake pia, ulifika baadaye. Watu wa pango walikuwepo tayari. Wenyeji ni watu, mgeni ni msitu. Nilipolisoma hilo mara ya kwanza nilifunga kitabu nikatoka nje kutembea.

Sasa nije kwa aibu yangu mwenyewe, maana niliahidi rafiki kwamba siku moja nitaiandika.

Katika kazi yangu ya mwisho wa masomo niliandika sehemu moja juu ya Ishango. Munapajua: kaskazini mwa mkoa wetu huu huu, ndani ya hifadhi ya Virunga, pale mto Semliki unapotoka ziwa Edouard. Mwaka 1950 Jean de Heinzelin alichimba hapo na kupata mfupa wenye urefu wa sentimita 10 hivi, wenye kipande cha kwazi kimefungwa kichwani, na michoro midogo iliyokatwa kwa safu tatu. Safu moja ina mafungu ya 11, 13, 17 na 19. Nyingine 11, 21, 19 na 9. Ukijumlisha, kila moja inakupa 60. Ya tatu, yenye 3, 6, 4, 8, 10, 5, 5 na 7, inakupa 48. De Heinzelin aliona mchezo wa hesabu. Baadaye Mmarekani Alexander Marshack aliona kalenda ya miezi sita ya mwandamo. Mimi ile kalenda siiamini sana, naona mtu akitaka mwezi atauona popote. Lakini ya 60 na 60 inanisumbua usingizi mpaka leo. Mfupa wenyewe uko Brussels, katika taasisi ya sayansi asilia. Sisi tuna picha.

Niliandika kwamba mfupa una miaka 20,000 na zaidi. Mtahini mmoja akafungua silabisi yake na kuniambia, mbele ya watu, mama yangu akiwa ameketi nyuma na kitenge kipya: "Kijana, umezidisha mara mbili. De Heinzelin mwenyewe aliandika kati ya mwaka 9000 na 6500 kabla ya Kristo. Unamkosoa aliyechimba?" Nilikuwa nimesoma namba yangu katika makala moja ya intaneti, bila kuuliza ilitoka wapi. Sikuwa na jibu. Nilisimama pale kama mti. Pointi zikaenda, na mama njiani kwenye moto hakusema kitu, jambo ambalo ni baya kuliko kusema.

Nilichukua karibu mwaka mzima kutafuta kwa nini namba ni mbili. Na jibu, ndugu zangu, liko chini ya miguu yetu.

Willard Libby alipotengeneza kipimo cha kaboni 14 mwishoni mwa miaka ya 1940, alitegemea jambo moja: kila kiumbe hai kinakula kaboni ya hewani, na hewa ina kiasi fulani cha kaboni 14. Kikifa, kinaacha kula, saa inaanza kuhesabu. Ni kazi safi, ilimpa tuzo ya Nobel mwaka 1960. Lakini Libby hakuzaliwa Goma. Huku kwetu kuna kaboni ya aina ya pili, inayopanda kutoka tumboni mwa volkano. Ile imekaa chini muda mrefu mno, kaboni 14 yake yote ilikwisha zamani. Ni kaboni mfu. Inaingia katika maji ya ziwa, majani ya majini yanaila, kome anaila, samaki anaila. Halafu unapeleka gamba la kome maabara, na mashine inakuambia alikufa maelfu ya miaka kabla ya siku aliyokufa kweli. Ziwa Kivu ndilo mfano wa kutisha zaidi, maana limebeba takriban kilomita za ujazo 300 za hiyo gesi chini ya maji, pamoja na kilomita 60 za metani. Sambaza walioletwa ziwani kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950, wanaokula na kuishi humo, wanaweza kuingia kwenye mashine na kutoka kama wazee wa maelfu ya miaka. Umewanunua Kituku asubuhi, bado wanang'aa.

De Heinzelin alilijua hilo. Alikuwa na kipimo kimoja cha makome ya Ishango kilichosema karibu miaka 21,000, akakiweka kando kwa hofu kwamba volkano imemdanganya. Alikuwa mwangalifu. Mito inayomwagika katika ziwa Edouard inatoka pia kwenye nchi ya volkano, kwa hiyo hofu yake haikuwa ya kijinga. Akapunguza umri. Miaka ya 1980 Alison Brooks na wenzake walirudi na vipimo vipya, na matokeo yakawa miaka kati ya 20,000 na 25,000. Kwa mara hii moja, saa iliyoshukiwa kuwa mwongo ilikuwa karibu na kweli, na mtu mwangalifu ndiye aliyekosea. Karibu na hapo hapo Semliki, pale Katanda, Brooks na John Yellen walipata vyusa vya mfupa vya kuvulia samaki ambavyo mwaka 1995 walitangaza kuwa vya miaka 90,000 hivi. Wako waliokataa, na mabishano yalikuwa makali. Mimi siko mtu wa kuamua.

Kwa hiyo mtahini wangu na mimi sote tulikuwa na namba ya kuazima. Yake ilikuwa na maelezo, yangu haikuwa nayo. Nikifikiria vizuri, pointi zile alizikata kwa haki, ingawa namba ilikuwa yangu. Hilo nimelimeza kwa shida.

Lakini angalieni kinachotokea tukikosa hizi hesabu. Daftari zetu za sekondari, historia ya Kivu inaanza 1894, Mjerumani von Götzen anapopanda Nyiragongo na kuliona ziwa. Kabla ya hapo ni ukurasa mmoja wa "wahamaji". Ukurasa mmoja kwa miaka zaidi ya 40,000! Kutoka watu wa Matupi mpaka von Götzen ni muda mara mia tatu kuliko kutoka von Götzen mpaka sisi. Kila mara ninaposikia watu wanagombana hapa mjini nani alifika wa kwanza, na tunajua ugomvi huo umetugharimu nini, nakumbuka sakafu ya lile pango ambapo hata saa ilikataa kuendelea kuhesabu.

Ile kaboni mfu ina jina lingine, na jina hilo hata mtoto wa Goma analijua: mazuku. Ni gesi ile ile. Ni nzito kuliko hewa, haina rangi, haina harufu ya kukuonya. Inakaa mashimoni, kwenye mabonde madogo na mapango ya makoro, upande wa Mugunga, Bulengo, Kyeshero mpaka Sake. Usiku na alfajiri, wakati upepo umelala, inajaa kama maji kwenye beseni. Hewa ya kawaida ina gesi hiyo chini ya asilimia moja, chini sana. Ikipita asilimia kumi, mtu anaanguka upesi. Mbuzi anakufa kwanza, sababu pua yake iko chini. Mtoto anafuata. Mtu mzima aliyesimama anaweza kupumua vizuri kabisa huku mbuzi amelala miguuni pake, ndipo anapoinama kumwokota. Kule Kamerun, ziwa Nyos, tarehe 21 Agosti 1986, gesi hiyo ilitoka ziwani kwa usiku mmoja na kuua watu zaidi ya 1,700.

Nilipoelewa hivyo nilifurahi kama mtoto. Nilikuwa nimepata kitu kimoja kinachounganisha yote: gesi inayoua katika tundu la koko ndiyo gesi inayovuruga saa ya maabara. Nilitaka kumwambia koko kwamba hadithi yake ni kemia. Nilikuwa nimechelewa, alikufa 2019, miezi michache kabla.

Kwa hiyo nilimwambia mama. Tulikuwa jikoni, anachambua maharagi. Nilieleza vizuri, kwa mikono, kaboni hai na kaboni mfu, mbuzi na mtoto. Nikasema hadithi ya koko labda ilitungwa na wazee kutisha watoto wasikaribie mazuku, ni elimu ya usalama, tungeweza kuiandikia makala. Mama aliacha kuchambua.

"Haikutungwa na wazee," akasema. "Ni ya koko yako. Ile mbuzi ilikuwa yake."

Koko alikuwa na mtoto wa kwanza kabla ya mama, kijana. Mimi sikuwahi kusikia jina lake mpaka siku ile. Mwaka 1966, akiwa na miaka tisa, alishuka alfajiri kumfuata mbuzi. Baba yake alimtoa kwa kamba, yeye mwenyewe nusura abaki. Koko hakukubali kamwe kusema mtoto amekufa mle. Alisema amekawia. Na alipoanza kutuhadithia sisi wajukuu, mtoto akawa anatoka, amekawia kidogo tu, akiwa bado wa miaka tisa, na wenzake wote wana ndevu. Mama alisema wale wenzake walikuwepo kweli. Koko alikuwa akiwaona sokoni, wanaume wa miaka 30, wa miaka 40, wanamsalimia kwa heshima, na yeye akirudi nyumbani anakaa kimya mpaka jioni.

"Ile ya mama yake kutomtambua," nikauliza, "aliiweka kwa nini?"

Mama akaendelea na maharagi. "Alikuwa anaogopa hiyo."

Nilimwomba mama anionyeshe mahali. Tulienda siku ya Jumapili kabla ya misa, na kwa kusahau tulifika mapema mno. Tundu lenyewe sasa liko katikati ya maparsele mapya, limezungushwa mawe na miti ya miba, na mtu ameandika MAZUKU kwa chokaa kwenye jiwe kubwa. Kuna majani mazuri mabichi yameota mdomoni mwake, yale yale ambayo mbuzi wanapenda. Jua lilikuwa halijapanda, upepo hakuna. Mama alinishika mkono wa shati na tukabaki barabarani, mbali, tukaangalia kutoka hapo.